Barua kwa binti yangu anayekwenda na kamera

Mwanangu Akinyi,

Nasikia Jumatatu unaripoti kazini Kisumu, kupiga picha za habari za televisheni. Hongera, mama. Mtaa mzima wa Jericho unajua, maana mdomo umenishinda kufunga. Ila habari yenyewe niliipata kwa jirani kabla yako, na hilo tutaliongea.

Neno langu ni moja. Ukielekeza kamera kwenye moshi, rudi nyuma kidogo utuonyeshe unaishia wapi. Mambo ya lile tairi lililoungua hapa stejini unayajua, sina haja ya kuyasimulia. Tairi moja, likarudiwarudiwa kwenye televisheni kuanzia taarifa ya saa moja hadi ya saa tatu, shangazi yako Busia akaamini tumekwisha. Na ng'ambo ya barabara mama mboga anakatakata sukuma, wateja wamemzunguka. Si kwamba walidanganya. Tairi liliungua kweli, na ndiyo maana jambo hili linanikera.

Yule Gerbner wa Marekani wa kwenye noti zako, aliyesema wanaoshinda mbele ya televisheni huiona dunia ya hatari kuliko ilivyo, wewe ulimsomea mtihani. Mimi naishi naye, ni baba yako. Siku hizi hataki niende maombi ya jioni, na kanisa ni hapo tu, hata viatu havipati vumbi.

Lakini usiniambie basi dawa ni kuzima. Januari 2018 televisheni za NTV, KTN na Citizen zilipozimwa siku ya kiapo cha Raila, wakati huo kiongozi wa upinzani, pale Uhuru Park, uvumi ndio uliotusomea taarifa. Hata 25 Juni mwaka 2025, Mamlaka ya Mawasiliano ilipokataza maandamano yasionyeshwe mubashara mpaka Mahakama Kuu ikasimamisha agizo lake, skrini tupu ilinitisha kuliko moshi. Kwa hiyo onyesha. Aliyepigwa na aliyepiga, wote. Halafu rudi nyuma. Mhariri akitaka moto peke yake, bishana naye. Kubisha hujafundishwa na mtu.

Na usisimame kati ya polisi na vijana, Akinyi. Vaa raba, si vile viatu vyako.

Blanketi la kijani nimelifua, usiliache. Gesi imeisha, napikia makaa. Namba ya mita ya umeme iko kwenye simu yako. Nitumie tokeni kabla hujapanda basi, baba yako amekosea namba, amemnunulia jirani tena.

Mama yako