Barua ya wazi kwa Waziri wa Michezo Zanzibar: bwawa hatuna, lakini bahari tunayo

Mheshimiwa Waziri mwenye dhamana ya michezo,
Serikali ya Mapinduzi ya Zanzibar.

Assalaam alaykum.

Kila tukilitaja suala la wasichana na kuogelea, jibu la wakubwa huwa ni moja: hatuna bwawa. Ni kweli. Bwawa la mita 50 la kiwango cha kimataifa ni ghali kulijenga, na kulitunza ni ghali zaidi. Lakini upo mchezo wa kuogelea usiotaka bwawa hata kidogo: masafa marefu katika maji ya wazi. Kilomita 10, wanaume na wanawake, zimo katika Olimpiki tangu Beijing 2008. Paris 2024 waliogelea ndani ya mto Seine, tena baada ya ubishi mrefu juu ya uchafu wa maji yake. Sisi maji safi yametuzunguka pande zote, na bado tunasubiri saruji na vigae.

Nimechagua kukuandikia kwa sababu tarehe 6 Agosti 2026 inatimia miaka 100 tangu Gertrude Ederle, binti wa muuza nyama wa New York, avuke kwa kuogelea mlango wa bahari baina ya Ufaransa na Uingereza. Alikuwa na miaka 20. Aliingia majini Cap Gris-Nez, upande wa Ufaransa, asubuhi ya saa moja, akakanyaga ufukwe wa Kingsdown, upande wa Uingereza, usiku. Alitumia saa 14 na nusu hivi. Kabla yake walikuwa wamevuka wanaume watano tu tangu mwaka 1875, na mwepesi kuliko wote, Enrique Tiraboschi, alitumia saa 16 na dakika 33. Yaani mwanamke wa kwanza kuvuka aliipita rekodi ya wanaume kwa karibu saa mbili, tena katika bahari iliyochafuka. Pale panapobana zaidi mlango ule una kilomita 33 hivi. Mawimbi na mkondo vilimzungusha, inakadiriwa, kilomita zipatazo 56.

Mwaka mmoja kabla alikuwa ametolewa majini. Kocha wake wa wakati ule, Jabez Wolffe, alimwamuru mwogeleaji wa Misri, Ishak Helmy, amshike, na kwa sheria za mchezo huu ukishaguswa safari imekwisha. Ederle mwenyewe alisema alikuwa akipumzika kwa kuelea, hazami. Wolffe, nikumbushe, alikuwa amejaribu kuuvuka mlango ule zaidi ya mara 20 bila kufika ng'ambo. Mara ya pili Ederle alikwenda na kocha mwingine, na dada yake na baba yake wakiwa ndani ya boti. Upepo ulipozidi na sauti zikaanza kumwita atoke, aliuliza neno moja: ya nini? Wakamwacha aendelee.

Hadithi hiyo inasimuliwa sana huko Marekani. Mimi kinachonigusa zaidi ni yaliyotangulia. Mwezi Juni 1904, mwaka mmoja kabla Ederle hajazaliwa, meli ya General Slocum iliwaka moto katika East River, New York, ikiwa imebeba familia za Wajerumani wa mji ule waliokuwa wakienda matembezini. Walikufa zaidi ya watu 1,000, wengi wao wanawake na watoto. Ufukwe haukuwa mbali. Maboya ya kujiokolea yalikuwa yameoza, nguo zilikuwa nzito, na wengi wa wale kina mama hawakujua kuogelea. Msiba ule ulikuwa miongoni mwa mambo yaliyowafanya watu wa New York waanze kusema waziwazi kwamba mwanamke naye lazima afunzwe kuogelea. Familia ya Ederle nayo ilikuwa ya Wajerumani wa mji huohuo. Baba yake alimfunga kamba kiunoni, akamtia majini, akaishika ncha ya pili mpaka mtoto akazoea.

Mwaka 1917 Charlotte Epstein, mwanamke aliyekuwa karani wa mahakama, alianzisha chama cha wanawake cha kuogelea mjini humo. Walikodi bwawa dogo. Kocha wao, Louis Handley, alifundisha bila malipo, na wakubwa waliwafunza wadogo. Ederle alitokea humo. Ethelda Bleibtrey naye alitokea humo. Mwaka 1919 aliandikiwa kosa la kuoga uchi kwa sababu tu alivua soksi zake ndefu ufukweni, na mwaka 1920 akachukua dhahabu tatu katika Olimpiki ya Antwerp, ambazo ndizo mbio zote za kuogelea walizowekewa wanawake mwaka ule. Medali zilikuja baadaye, Mheshimiwa. Kilichotangulia kilikuwa woga wa kuzama na watu waliokubali kufundisha.

Sasa tuje kwetu. Usiku wa kuamkia tarehe 10 Septemba 2011 MV Spice Islander ilizama katika mkondo wa Nungwi. Hata mwaka haujatimia, tarehe 18 Julai 2012, ikafuata MV Skagit karibu na Chumbe. Sina haja ya kukueleza hali ilivyokuwa, nadhani hakuna shehia isiyosoma hitma. Sisemi kwamba wangejua kuogelea wote wangepona. Mkondo ule unawashinda hata wavuvi. Nasema kwamba baada ya misiba ile tulizungumza sana juu ya meli na vyeti vya meli, na kidogo mno juu ya mtoto wa kike anayekulia hatua mia moja kutoka baharini na hajui kuelea.

Nenda Paje au Jambiani maji yanapokupwa utawaona mama zake. Kina mama wamezagaa kwenye mashamba ya mwani tangu kilimo hicho kilipoanza huko mwishoni mwa miaka ya 1980. Wamejifunga kanga, wameinama wanafunga mbegu kwenye kamba kwa tai-tai, yaani vikamba vidogo, wanazikaza mambo (vigingi) zilizolegea. Maji yakianza kujaa hufika magotini, kisha kiunoni, na gunia la mwani mbichi likilowa huwa zito kuliko aliyelibeba. Siku hizi maji ya kina kifupi yamepata joto na mwani wa cottonii unakufa, kwa hiyo wanaambiwa wahamie kwenye kina kirefu. Ushauri wenyewe ni mzuri. Nani kawafunza kuogelea huko wanakoelekezwa?

Najua pingamizi la kwanza litakuwa mavazi na heshima. Hilo limeshajibiwa Nungwi. Mradi wa Panje umewafunza wasichana na wanawake kuogelea baharini wakiwa wamejisitiri mwili mzima, wakifundishwa na wanawake wenzao, wengine wakiwa wamekumbatia madumu matupu ya plastiki ili waelee. Picha zao zilipata tuzo ya World Press Photo mwaka 2018, dunia ikazitazama. Wazazi walipoona mwalimu ni mwanamke na vazi ni la stara, wengi waliwaruhusu binti zao. Na kama mtu anadhani masafa marefu ni mambo ya Wazungu, mwaka 1974 msichana wa Misri, Abla Khairy, aliuvuka mlango uleule wa Ederle akiwa na miaka 13.

Pingamizi la pili hulisikia kwa makocha: wasichana hawana pumzi ya masafa. Fikra hiyo imewanyima wanawake mengi. Wanaume walipewa mita 1,500 katika Olimpiki tangu 1908. Wanawake wakasubiri mpaka michezo ya Tokyo, iliyofanyika 2021. Wakati huohuo, Septemba 2019, Mmarekani Sarah Thomas aliuvuka mlango ule mara nne mfululizo, kwa saa 54 hivi bila kutoka, mwaka mmoja baada ya kumaliza matibabu ya saratani ya titi. Kabla yake hapakuwa na binadamu yeyote aliyefanya hivyo. Natalie du Toit wa Afrika Kusini, aliyepoteza mguu katika ajali ya barabarani, aliogelea kilomita 10 za Beijing 2008 na wenye miguu miwili, akamaliza wa 16.

Kwa hiyo ninachokuomba hakina ukubwa wa bwawa. Chukua skuli moja ya Kusini na moja ya Kaskazini, pwani kabisa, uweke kuogelea katika ratiba ya michezo ya wasichana. Walimu watoke katika wanawake ambao tayari wanajua, walipwe posho inayoeleweka, wasiachiwe wafadhili peke yao. Zungumza na mwenzako wa elimu, maana bila yeye ratiba haitabadilika. Halafu, watakapokuwa tayari, tuandalie mashindano ya kilomita chache ndani ya mwamba, maji yakiwa yamejaa, kila kundi na ngalawa yake ya kulisindikiza. Wanaovuka mlango wa Uingereza hupanga safari siku za maji mafu, mkondo unapopoa, na nahodha wa boti ndiye anayewasomea bahari. Manahodha wetu elimu hiyo wamezaliwa nayo. Baridi, adui mkubwa wa kule, hapa hatuna. Tuna jua kali na konyeza (viwavi wa baharini), na kwa vyote viwili mavazi ya stara yanasaidia kuliko hilo la vipande viwili alilovaa Ederle.

Usiyaanzishe mashindano kabla ya mafunzo. Nalisema hili kwa msisitizo kwa sababu tunapenda sana siku ya kukata utepe, na baharini pupa huua.

Naomba jibu la maandishi kabla ya makadirio ya wizara yako kusomwa Barazani. Kama tatizo ni fedha, tuambie ni kiasi gani kimepungua na kwa kazi ipi, ili kamati za skuli, masheha na wenye hoteli za pwani wajue wachangie nini. Kama ni sheria au bima, itaje tuijue.

Wako katika ujenzi wa taifa,
Mzazi, Mkoa wa Kusini Unguja