Taarifa ya Mwaka 2024 ya Mwenyekiti kwa Mkutano Mkuu wa Wamiliki wa Malori

Ndugu wanachama,

Ya kawaida nitayapitia haraka, mnayajua. Semina ya madereva kuhusu nyaraka za mizigo ya transit, yaani inayopita nchini kwenda nchi jirani, ilifanyika mara mbili. Mei, mvua za Kimbunga Hidaya zilipokata barabara ya Dar–Lindi maeneo ya Somanga, chama kiliwatumia chakula na fedha madereva waliokwama. Wanachama wawili walifiwa, tukashiriki. Dola ilikuwa adimu na ghali miezi ya mwanzo, matairi na vipuri vikapanda. Hilo halihitaji taarifa yangu.

Kuhusu SGR, reli mpya ya kisasa iliyoanza kubeba abiria kati ya Dar es Salaam na Dodoma Julai, naulizwa kila siku kama itatumaliza. Mzigo wa Lusaka au Lubumbashi haupiti Dodoma. Wa kumwangalia upande huo ni reli ya TAZARA, kilomita 1,860 hadi New Kapiri Mposhi, Zambia, siku itakapopata vichwa na mabehewa ya kutosha. Lakini hata huyo si mshindani mkubwa kuliko bandari za wenzetu. Mwenye shaba yake Kongo anaweza kuipeleka Dar, Durban, Beira, Walvis Bay au Lobito. Hachagui kwa mapenzi, anahesabu siku. Akihama, hahami na nauli yetu tu: bandari inakosa tozo, wakala wa forodha anakosa kazi, vituo vya mafuta na mama lishe kuanzia Chalinze hadi Tunduma wanakosa wateja, na nchi inakosa dola ambazo mwaka huu tumezitafuta kwa tochi.

Sasa nifike kwenye mizani, maana najua ndiyo iliyowaleta wengi wenu leo.

Kamati, chini ya uongozi wangu, ilinunua mizani ya kubebeka na kuiweka yadi yetu, na tangu Agosti tumeagiza kila gari la mwanachama lipimwe kabla ya kuondoka. Gharama yote na sakafu ya zege ni shilingi 24,600,000 kutoka akiba. Imesemwa kwamba mwenyekiti kaamua peke yake, kwamba mizani za serikali zipo barabarani na hatuna haja ya kujipima wenyewe. Kamati ilikaa Juni 6, muhtasari upo, na waliosaini ni wajumbe saba. Baadhi yao ndio wanaolalamika sasa.

Wenye kumbukumbu wanakumbuka Oktoba 2013, msamaha wa kuzidisha uzito kwa asilimia 5 ulipofutwa na malori yakagoma. Siku hizi tunaongozwa na Sheria ya uzito wa magari ya Jumuiya ya Afrika Mashariki ya 2016, iliyoanza kutekelezwa nchini Machi 2019, na kugoma hakutaibadilisha. Kikomo cha ekseli (mhimili wa matairi) ya usukani ni tani 8. Ekseli mbili pacha zenye matairi manne kila moja ni tani 18, ekseli tatu za trela ni tani 24. Kwa hiyo gari la ekseli sita kikomo chake ni tani 50, na hata uongeze ekseli, ukomo wa juu ni tani 56.

Tatizo letu wengi tunasoma hiyo 50 tu. Tangu Agosti tumepima magari 388, na 57 yalirudishwa kupangwa upya. Kati ya hayo, yaliyozidi uzito wote ni 9. Mengine 48 uzito wote ulikuwa sawa kabisa, makosa yalikuwa kwenye ekseli. Mzigo haukuwa mwingi, ulikaa vibaya.

Chukueni gari moja lililobeba mbolea, mifuko 600 ya kilo 50. Gari tupu na dizeli yake lilikuwa kilo 17,800, ukiongeza tani 30 za mbolea unapata 47,800. Mwenye gari alikuja juu, anapimwa nini wakati yuko chini ya 50? Mizani ikasoma usukani 7,100, ekseli pacha za kichwa cha lori 19,600, trela 21,100. Vibarua walianza kupanga kwenye ukuta wa mbele wakarundika pale, kama kawaida yao, kwa sababu ndiko wanakoegemeza mifuko isidondoke. Tulihamisha mifuko 60 kutoka mbele kwenda nyuma, ikasoma 6,950, 17,500 na 23,350. Vibarua wanne, chini ya saa moja, turubai likafungwa, gari likaondoka. Kazi hiyo hiyo ukiifanya kando ya barabara, mifuko inachanika, mvua inanyesha, vibarua wanakutajia bei wanayotaka, na faini bado unalipa.

Na dizeli nayo ni mzigo. Matenki mawili ya lita 600 yakijaa ni kama tani moja, tena inakaa jirani na pacha za kichwa. Gari lililobana kwenye ekseli hizo lisijaze Dar.

Lipo lalamiko moja ninalolikubali. Septemba mizani yetu ilisoma zaidi kwa karibu kilo 300 ukilinganisha na ya barabarani. Sababu ilijulikana. Sahani za mizani zinainua tairi kidogo kutoka sakafuni, hivyo ekseli za kundi moja zote lazima ziwe kimo kimoja, zilizo nje ya sahani zikanyage mikeka ya kusawazisha. Mkeka mmoja ulikuwa umetolewa ukawekwa kama kigingi cha tairi. Halafu dereva alikanyaga breki wakati wa kupima, springi zikang'ang'ania uzito. Siku hizi gari linasimama taratibu, breki inaachiwa, tairi zinazuiwa kwa kabari, ndipo namba inaandikwa. Aliyetoa mkeka tunamjua, na si mjumbe wa kamati.

Ada. Tuna wanachama 64 na magari 211. Kwa shilingi 20,000 kwa gari kwa mwezi, tulipaswa kukusanya 50,640,000. Tumekusanya 21,300,000. Waliolipa yote ni 27. Deni ni 29,340,000, yaani zaidi ya bei ya mizani inayopigiwa kelele. Wapo wenye magari kumi na zaidi ambao hawajalipa tangu Machi, na gari likikwama mpakani simu ya kwanza ni kwa mwenyekiti, saa nane usiku. Napokea.

Mahudhurio nayo! Mikutano mitatu iliitishwa, miwili ikavunjika kwa kukosa akidi. Aprili walifika 19. Kwenye grupu la WhatsApp tupo wote 64, na ujumbe kuhusu mizani umeandikwa na watu ambao sijawahi kuwaona kwenye kiti hapa.

Mwaka ujao tunatarajia, Mungu akijalia, kufunga paa juu ya mizani, kuzungumza na wenye mizigo ili magari yasirudi matupu kutoka Zambia, na kuangalia uwezekano wa kununua matairi kwa pamoja. Mazungumzo yanaendelea.

Orodha ya wadaiwa imebandikwa ukutani karibu na mlango. Mhazini yupo na kitabu cha risiti hadi saa kumi, na kura ya mizani tutaipiga baada ya chai, kwa waliolipa.