Babu hakuwa anaota

Dada, shikamoo.

Ujumbe wa hela nimeupata. Nitatuma mwisho wa mwezi, na ni za dawa za mama tu. Za mpimaji wa nyumba ya Mtaa wa Sikukuu sitoi hata senti. Mfikishie Baba mdogo, maana mimi mmenitoa kwenye grupu la ukoo. Wote wanataka ghorofa, mmoja kakataa, basi ndiye msaliti. Haya.

Unakumbuka babu akisimulia kesi ya Nyerere ya 1958, ya kashfa, kwa yale maandishi ya Sauti ya TANU, jarida la chama chake, kuhusu mabwana shauri wawili, wale wakuu wa wilaya wa kikoloni? Kila akifika kwa "Mzungu wetu", wakili mwenye kipara na miwani aliyetoka Ulaya, Baba mdogo anaangua kicheko: Mzungu gani wa kumtetea Nyerere mbele ya serikali ya Wazungu wenzake! Babu anavua baragashia, anaikung'uta gotini, ananyamaza. Basi babu hakuwa anaota. Mtu yule aliitwa D. N. Pritt, na alikuwa mbunge wa hapa hapa Hammersmith, London, ninapoishi. Nimemsoma maktaba asubuhi nikitoka zamu. Ndiye aliyeongoza mawakili wa Kenyatta na wenzake watano kule Kapenguria, Kenya, kwenye kesi ya Mau Mau, na miaka ya nyuma alimtetea hata Ho Chi Minh, mwanamapinduzi wa Vietnam. Nyerere alipigwa faini ya shilingi 3,000 au kifungo cha miezi sita, akalipa. Kenyatta alikula miaka saba. Kwa hiyo asitudanganye mtu kwamba kuweka wakili mkubwa ndiyo kushinda. Mwambie Baba mdogo na hilo pia.

Lakini iliyonikuna zaidi ni hii. Mwaka 1940 chama chake cha Labour kilimfukuza, kwa kuwa aliwatetea Warusi walipoivamia Finland. (Hapo mimi simo. Hata zile kesi za Moscow ambazo Stalin aliwamalizia wapinzani wake alizipigia debe, aibu tupu.) Uchaguzi wa 1945 akasimama bila chama, na watu wa Hammersmith wakamrudisha bungeni, wa Labour na wa Conservative akawabwaga wote wawili. Kiti hakikumtoka mpaka 1950.

Bila chama, dada! Na mimi bila grupu.

Mwambie mama nimefaulu mtihani wa sheria wa mwaka wa kwanza, tena darasa zima mwalimu alinitaja mimi. Amwambie na Mama Asha wa nyumba ya pili, asisahau. Kazini salama, baridi tumeizoea. Jana tu nilipita mahali mtu anakaanga vitunguu, nikasimama njiani kama mjinga, nikaiona baraza yetu, jiko la mama na paka wake chini ya kigoda. Mkijenga ghorofa, baraza mtaiweka wapi?

Hati iko kwenye sanduku la babu, chini ya kanzu ya Idi. Ufunguo usimpe mtu, hata akija analia.

Mdogo wako.