Risala ya Wanafunzi Wazungumzaji wa Kiswahili wa Pune kwa Mgeni Rasmi, Katika Hafla ya Kumkumbuka Profesa Madhu Dandavate

Mheshimiwa Mgeni Rasmi, waheshimiwa wajumbe wa bodi ya wadhamini wa bweni letu, mlezi wa bweni, kaka na dada zetu mliokwisha kuhitimu, wanafunzi wenzetu, mabibi na mabwana.

Assalaam aleikum. Bwana Yesu asifiwe. Wakubwa wetu, shikamooni.

Awali ya yote tunamshukuru Mwenyezi Mungu aliyetujalia kuifikia siku ya leo tukiwa wazima wa afya. Pili, kwa heshima na taadhima, tunakushukuru wewe, Mheshimiwa Mgeni Rasmi, kwa kukubali kwa mwaka wa pili mfululizo kuacha shughuli zako nyingi na kuja kuketi nasi. Wewe ni mzaliwa wa Tanga uliyehamia India ukiwa mtu mzima, na Kiswahili unakisema kama tunavyokisema sisi. Ndiyo maana hatukuiandika risala hii kwa Kiingereza, kwa kuwa tunataka kila neno likufikie kama tulivyolikusudia.

Mheshimiwa Mgeni Rasmi, umoja wetu ulianza na wanafunzi saba waliokuwa wakichanga fedha za unga na kupika ugali pamoja kila Jumapili. Leo tuna wanachama kutoka Tanzania, Kenya, Uganda, Burundi na Kongo. Mwaka huu tumepata mafanikio makubwa. Tumeshika nafasi ya pili katika mdahalo wa mabweni, tumelima bustani ya mchicha nyuma ya jiko, na maktaba yetu imefikisha vitabu 112. Lakini mafanikio tunayojivunia zaidi ni darasa letu la usomaji, ambalo kwa miezi sita limesoma na kujadili maisha ya mbunge mmoja wa jimbo hili la Maharashtra, hayati Profesa Madhu Dandavate. Hafla ya leo tumeipanga mwezi huu wa Januari kwa sababu ndio mwezi aliozaliwa, tarehe 21, mwaka 1924, mjini Ahmednagar.

Huenda baadhi ya wageni wanajiuliza kwa nini vijana wa Afrika Mashariki wamchague mbunge wa Konkan, ukanda wa pwani ya magharibi ya India, huku nyumbani kwetu wako wabunge wa kutosha wa kusomwa. Tulimchagua kwanza kwa sababu alikuwa mwalimu. Alisomea fizikia mjini Bombay, ambao leo unaitwa Mumbai, akafundisha somo hilo kwa miaka mingi katika Chuo cha Siddharth, chuo kilichotokana na juhudi za Daktari Ambedkar, mtetezi wa watu wa tabaka zilizobaguliwa India, za kuwafungulia elimu walionyimwa. Akiwa kijana alishiriki vuguvugu la mwaka 1942 la kuwataka Waingereza waondoke India, na mwaka 1955 alikuwa miongoni mwa walioongoza maandamano ya amani ya kuikomboa Goa kutoka mikononi mwa Wareno. Sisi ambao babu zetu wa pwani waliachiwa na Wareno hao hao ngome na simulizi za vita tuliisoma sehemu hiyo kwa hamu ya pekee.

Pili, tulimchagua kwa sababu ya mji huu. Hali ya hatari ilipotangazwa na serikali ya Waziri Mkuu Indira Gandhi mwezi Juni 1975, Dandavate alikuwa Bangalore kwa kikao cha kamati ya Bunge, akakamatwa huko huko pamoja na viongozi wenzake wa upinzani, Vajpayee na Advani, na kutiwa gerezani. Mkewe, Pramila, aliyekuwa mwanasiasa yeye mwenyewe na ambaye baadaye, mwaka 1980, naye alichaguliwa kuwa mbunge, alifungwa hapa Pune, katika gereza la Yerawada, ambalo wengi wetu tunapita karibu nalo tukienda mjini. Mume na mke waliandikiana barua kutoka gereza hadi gereza. Mwenzetu mmoja alisema darasani kwamba tangu ajue habari hiyo hawezi tena kupita pale bila kuutazama ukuta ule, na tuliobaki tulikubaliana naye.

Mheshimiwa Mgeni Rasmi, sasa tunaomba utuvumilie tuseme kwa kirefu kidogo habari za mbunge huyu na ahadi zake, maana hapo ndipo penye shabaha ya risala yetu.

Dandavate aliingia katika Bunge la India mwaka 1971 akiwakilisha jimbo la Rajapur, ukanda wa pwani ulio kusini ya Bombay, kati ya milima na bahari. Alikikalia kiti alichokuwa nacho Nath Pai, msoshalisti mwenzake na msemaji hodari aliyefariki mwanzoni mwa mwaka huo. Watu wa Konkan walikuwa maskini wa fedha, na vijana wao walizoea kwenda Bombay kufanya kazi viwandani na kutuma posho nyumbani kwa njia ya posta. Kwenda na kurudi kulikuwa kwa meli za mwambao au kwa mabasi yaliyopanda na kushuka milima usiku kucha. Reli ilizungumzwa tangu enzi za Waingereza, na kila kizazi kiliambiwa kwamba milima ni mikali, mito ni mingi, mvua ni kubwa na fedha hakuna. Hoja hizo zote zilikuwa za kweli, na hilo ndilo lililozifanya kuwa ngumu kuzijibu.

Huyu mbunge alizijibu kwa kutochoka. Wapiga kura wa Rajapur walimrudisha Bungeni mwaka 1977, 1980, 1984 na 1989, na tunaomba mwaka 1984 utazamwe peke yake, kwa kuwa mwaka ule, baada ya kuuawa kwa Indira Gandhi, chama cha Congress kilizoa viti karibu nchi nzima, lakini Rajapur walimbakiza mtu wao. Mwishoni mwa 1989 alipokuwa Waziri wa Fedha, na George Fernandes akawa Waziri wa Reli, lile jambo lililokuwa likiahirishwa miaka nenda miaka rudi lilipata mlango. Mwaka 1990 liliundwa shirika maalumu la kuijenga Reli ya Konkan chini ya mhandisi E. Sreedharan. Kwa kuwa hazina ya serikali haikutosha, fedha nyingi zilitafutwa kwa kuwauzia watu hatifungani. Kilomita takriban 740 zilijengwa, kukiwa na mahandaki yanayozidi 90 na madaraja karibu 2,000, na treni zikapita njia nzima kuanzia tarehe 26 Januari 1998. Yeye mwenyewe alikwisha kushindwa uchaguzi wa 1991. Reli ilipokamilika hakuwa tena mbunge wa Rajapur, lakini mzee wa Sindhudurg, wilaya ya Konkan, aliyetaka kumwona mwanawe Bombay alipanda treni vile vile.

Hata hivyo, Mheshimiwa, kati ya yote tuliyosoma, lililotugusa zaidi ni jambo dogo kuliko reli, nalo lina unene wa inchi mbili.

Mwaka 1977 Dandavate aliteuliwa kuwa Waziri wa Reli katika serikali ya Waziri Mkuu Morarji Desai. Aliwarudisha kazini wafanyakazi waliofukuzwa kwa kushiriki mgomo mkubwa wa reli wa mwaka 1974. Kisha akayageukia mabehewa ya daraja la pili. Wakati huo abiria wa kawaida, wale walio wengi, walilala juu ya mbao tupu, safari ya usiku mmoja au siku mbili, mama na mtoto wake mchanga, mzee na mgongo wake. Waziri aliagiza mbao zile ziwekewe sponji ya inchi mbili. Alieleza kwamba nia yake haikuwa kulishusha daraja la kwanza, bali kulipandisha la pili. Kazi ilianza katika treni za njia kuu, na baadaye ikaenea nchi nzima. Mamilioni ya watu waliolala usingizi wa kweli safarini tangu wakati huo, wengi wao hawalijui jina lake, na sisi wenyewe, tuliopanda treni za India mara nyingi kwenda kutembea Goa na Delhi, tulikuwa hatulijui.

Mheshimiwa Mgeni Rasmi, siku tuliyosoma habari za sponji ile, darasa lilinyamaza. Lilinyamaza kwa sababu wote tuliokuwamo tulikuwa tumeamka asubuhi ile kutoka juu ya mbao.

Unajua, kwa kuwa ulionyeshwa, kwamba bweni letu lina vitanda 36. Mvua za miaka mitatu iliyopita zilivujisha paa, magodoro yakalowa, yakaota ukungu, kisha yakaingia kunguni, na mlezi wetu, kwa uamuzi tuliouunga mkono, akaamuru yachomwe moto. Paa limekwisha kuzibwa, na kwa hilo tunaishukuru sana bodi. Magodoro hayajarudi. Wanafunzi wanalala juu ya mbao zilizotandikwa mkeka, blanketi lililokunjwa mara mbili, au makatoni ya madukani. Wenzetu wanaosomea uuguzi hutoka zamu ya usiku hospitalini, walikokesha wakiwageuza wagonjwa vitandani ili wasipate vidonda vya mgongo, kisha wao wenyewe huja kulala mahali ambapo wasingekubali mgonjwa alazwe. Wakati wa baridi ya Desemba na Januari, ambayo kwa mtu wa Mombasa au Tanga ni baridi hasa, ubao unatoa ubaridi kutoka chini hata ukijifunika vipi juu.

Haja hii hatuisemi leo kwa mara ya kwanza. Mgeni rasmi wa mwaka juzi, ambaye tunamheshimu na hatutamtaja, alituahidi kwamba magodoro yangefika kabla ya mvua za Juni. Mvua za Juni zilikuja. Baadaye alitumwa fundi akapima vitanda vyote kwa utepe, urefu na upana, akaandika katika daftari, akanywa chai yetu na kuondoka. Vipimo vile tulivinakili, tunavyo mpaka leo, na tumeviambatisha nyuma ya risala hii ili asihitajike fundi mwingine wa kuja kupima. Mwaka jana, Mheshimiwa, ulipokuwa umeketi katika kiti hicho hicho ulichokalia sasa, ulisimama ukasema, "Hilo niachieni mimi." Tulipiga makofi na vigelegele. Wengine wetu tuliwapigia simu wazazi usiku ule ule kuwaambia wasihangaike kututumia fedha za godoro, kwa kuwa limekwisha kupata mwenyewe.

Tunaomba tueleweke vyema. Hatusemi haya kwa kukosa adabu, wala hatujasahau kwamba wewe ndiye uliyelipia ukarabati wa jiko na ndiye uliyetusemea kwa mwenye nyumba alipotaka kupandisha kodi. Tunajua mtu mwenye shughuli nyingi husahau, na barua zetu tatu za kukumbusha huenda zilikaa kwenye meza ya msaidizi bila kukufikia. Lakini tumekulia katika lugha moja na wewe, na katika lugha hiyo ahadi ni deni. Tungekuwa tunakuvunjia heshima kama tungeendelea kukusifu mbele ya watu huku mioyoni tumekata tamaa nawe. Hatujakata tamaa, na kwa sababu hiyo tumeamua kulisema hadharani na mbele yako.

Ombi letu ni moja tu. Risala ya mwaka jana ilikuwa na maombi tisa, na kamati imeona kwamba pengine wingi ule ndio uliotuponza. Kwa hiyo mwaka huu hatuombi kompyuta, hatuombi jokofu, hatuombi nauli ya safari ya mafunzo. Tunaomba magodoro 36 ya sponji, yenye unene wa inchi nne. Ikiwa nne haziwezekani, tutapokea mbili kwa shukrani, maana tumejifunza kwamba hata inchi mbili zinaweza kumbadilishia mtu usiku wake. Ikiwa yote 36 hayawezekani kwa mara moja, basi yaanze kwa wale wanaofanya zamu za usiku na wale wenye matatizo ya mgongo, ambao majina yao mlezi anayo, kama sponji zile zilivyoanzia njia kuu kabla ya kufika kila mahali. Wanachama wamekubali kuchangia usafiri kutoka dukani na kushona foronya na mifuko ya kuyakinga na unyevu, na fedha hizo zimekwisha kukusanywa na ziko kwa mweka hazina.

Vilevile tunaomba, kwa unyenyekevu, kwamba kabla hujaondoka leo ututajie tarehe. Tungependa kuiandika tarehe hiyo ubaoni, pale mlangoni, tuisome kila tunapoingia na kutoka.

Profesa Dandavate alifariki Mumbai tarehe 12 Novemba 2005. Kwa wosia wake mwili wake haukuchomwa, bali ulikabidhiwa Hospitali ya J.J. ili wanafunzi wa udaktari wajifunzie. Jambo hilo liliwaliza wenzetu wa uuguzi, nao ndio waliopendekeza kwamba godoro la kwanza litakalofika litandikwe katika chumba namba 4, ambacho darasa la usomaji limekipa jina lake.

Mheshimiwa Mgeni Rasmi, baada ya chakula tunakuomba upande nasi ghorofa ya juu ukavione vitanda vyenyewe. Vimeachwa kama vilivyo, hatukuvitandika kwa ajili ya wageni.

Tunaomba kuwasilisha.

Katibu, kwa niaba ya kamati na wanachama wote.