Mjusi Anatafuta Mchango

Berlin

Mjomba, shikamoo.

Mimi mzima, baridi tu ndiyo inanionea. Uliuliza kwenye simu kama hela za filamu zimetoka. Bado. Na wewe uliyekuwa mwenyekiti wa kamati za harusi nusu ya Mingoyo utaelewa haraka kuliko nilivyoelewa mimi.

Nilipewa dakika saba mbele ya watu watano wanaogawa hela hizo. Nikaanza na wapagazi: kati ya 1909 na 1913 wazee wetu walibeba mifupa ya mijusi, yale madude ya kale wanayoyaita dinosaria, kichwani na mabegani, kutoka Tendaguru hadi bandari ya Lindi, mwendo wa siku nne hivi, mizigo maelfu. Mmoja wa mijusi hao amesimama makumbusho hapa, mita 13 na ushei kwenda juu, nilishakwenda kumwamkia. Nikasema filamu yangu si ya mjusi, ni ya waliombeba. Kimya. Kisha bwana mmoja mwenye miwani akauliza: "Sasa mjusi anaamka dakika ya ngapi?"

Nikamwambia haamki. Akaandika kitu.

Mama wa pembeni naye akasema hela zao lazima zitumike mkoani kwao, je, Tendaguru haiwezi kupigwa picha nje kidogo ya Berlin? Mjomba, huko nje ni misonobari na theluji. Nikawaza wapagazi wamejifunga misuli kwenye theluji, nikacheka peke yangu. Nadhani kile kicheko kilinipunguzia maksi.

Wamesema wameipenda. Watatoa, mradi mwingine atangulie. Nikaenda kwa huyo mwingine, naye akauliza: nani ametangulia? Ni kadi ya mchango hii! Kila mtu anataka kwanza aone wenzake wameandika ngapi. Wewe dawa yake unaijua: unaandika jina lako juu kabisa, laki mbili, ambazo Mama anasema hujazitoa mpaka leo.

Basi niandikie barua kama hiyo. Upande wa Lindi umeahidi malazi ya watu kumi, magunia mawili ya mchele, ming'oko, na yule mbuzi wa Shangazi. Thaminisha kwa shilingi, euro nitageuza mwenyewe. Mhuri wa serikali ya mtaa usikose.

Habari ya mbuzi Shangazi asiisikie kwanza.

Mpwa wako,
Saidi