Kompyuta ya steshenari iliyokwenda vitani

Mwezi wa saba, baridi ya Mbeya ikiwa imekaza, mama mmoja mwenye steshenari maeneo ya Kabwe aliingia dukani kwetu Mwanjelwa na kompyuta yake ameifunga kwenye kitenge. Hata kabla hajaiweka mezani akasema, "Fundi, hii mashine inakunywa bando." Kaunga Ijumaa jioni, Jumapili usiku limeisha, na Jumapili yenyewe duka halikufunguliwa.

Tukaiwasha. Feni ikaanza kuunguruma hatujagusa kitu. Kwenye orodha ya programu zinazofanya kazi kulikuwa na moja tusiyoifahamu, imekamata karibu prosesa yote na inatuma data mfululizo. Faili lake lilishushwa Ijumaa saa tano usiku. Mama akampigia simu kitinda mimba wake, kijana aliyemaliza kidato cha sita anayemshikia duka akisubiri chuo.

"Shikamoo fundi."

"Marahaba. Hii programu umeitoa wapi, mdogo wangu?"

Kimya kidogo. "Telegram. Kuna kundi tunasaidia vita."

Vita yenyewe iko mbali sana na Kabwe. Yuko upande gani siandiki, maana pande zote zina vijana wa namna hii.

Jambo hili la raia kushambulia tovuti za adui kwa kompyuta zao lilipata umaarufu Februari 2022, siku chache tu baada ya Urusi kuivamia Ukraine. Mykhailo Fedorov, wakati huo waziri wa mambo ya dijitali wa Ukraine, alitangaza hadharani "jeshi la IT" na kuwaita watu wa dunia nzima wajiunge kupitia Telegram. Walijiunga zaidi ya laki mbili. Upande wa Urusi nao ukapata makundi yake, kama Killnet na NoName057(16). Hilo la pili lina programu yake, DDoSia: unaiweka kwenye kompyuta, inaletewa orodha ya tovuti za kushambulia, na wanaofanya vizuri hulipwa kwa sarafu za mtandaoni. Kwa kijana asiye na kazi, hiyo inafanana na gemu lenye mshahara.

Mashambulizi yao mengi hayana ufundi mkubwa. Fikiria wakala wa kutoa pesa pale stendi. Wanakuja watu mia tano, kila mmoja anauliza "salio langu limeingia?" na hatoi hata mia. Wakala hajaibiwa kitu, ila mama mwenye mgonjwa aliyekuja kutoa hela ya dawa hafiki dirishani. Tovuti nayo huzibwa hivyohivyo. Kinachohitajika ni watu wengi na mashine nyingi, na ndiyo maana kompyuta ya steshenari ina thamani kwao.

Kama unadhani ni mambo ya Ulaya, uliza jirani zetu. Julai 2023 kundi lililojiita Anonymous Sudan liliishambulia eCitizen ya Kenya, mfumo unaobeba huduma zaidi ya 5,000 za serikali. Watu walikwama kwenye viza na tiketi za treni, hata malipo ya M-Pesa yakayumba. Kundi lilidai Kenya inaingilia mambo ya Sudan. Kwa muda mrefu wataalamu wengi walihisi ni Warusi waliovaa jina la Kisudani, hadi Oktoba 2024 Marekani ilipowafungulia mashtaka ndugu wawili raia wa Sudan. Sasa kama wachunguzi wenye mitambo yao hawakujua nani yuko nyuma ya jina, kijana wa Kabwe atajuaje?

Na hapo ndipo panaponiuma kama fundi. Machi 2022 watafiti wa kampuni ya mitandao ya Cisco walikuta programu inayosambazwa Telegram eti ya kuzipiga tovuti za Urusi. Kumbe inakomba pasiwedi na sarafu za mtandaoni za huyohuyo anayejitolea. Miezi michache baadaye Google ikafichua programu ya simu, CyberAzov, iliyojidai ni ya kuisaidia Ukraine. Walioitengeneza ni Turla, kundi la kijasusi linalohusishwa na Urusi yenyewe! Kwenye kompyuta ile ya mama kulikuwa na vyeti vya kuzaliwa vya watu, namba za NIDA, na pasiwedi za wateja waliojaziwa maombi ya mkopo wa chuo.

Sheria nayo ipo. Sheria yetu ya Makosa ya Mtandao ya 2015 haina kifungu cha "nilikuwa najitolea tu". Julai 2025 polisi wa nchi kadhaa, wakiratibiwa na Europol, shirika la polisi la Umoja wa Ulaya, walivuruga mtandao wa NoName057(16), na wafuasi zaidi ya 1,000 wakatumiwa ujumbe wa kuwaonya kwamba wanaweza kushtakiwa.

Wengine hawajitolei kabisa, vifaa vyao vinajitolea. Mwaka 2016 kirusi cha Mirai kiliteka ruta na kamera za ulinzi kwa kujaribu pasiwedi 60 hivi za kiwandani, basi. Haikuwa vita ya nchi na nchi, lakini njia ni ileile hadi leo. Gesti nyingi tunazoingia hapa mjini, kisanduku cha kurekodia kamera bado kina pasiwedi ya admin, na kipo wazi mtandaoni ili bosi aangalie akiwa safarini Dar.

Kompyuta ya mama tuliihifadhia mafaili kwenye diski ya pembeni, tukaifomati, tukaweka Windows upya, na pasiwedi zote tukabadilisha kwa kutumia mashine nyingine, siyo ileile. Kijana tulimfungulia akaunti yake isiyoruhusu kuweka programu. Alinuna kidogo.

Kwa ruta na kamera tunakuja ulipo, kuanzia Uyole hadi Iyunga: tunabadilisha pasiwedi, tunasasisha programu ya kifaa, tunafunga njia isiyohitajika ya kuingilia kifaa kutoka mtandaoni, na wageni wa gesti tunawatengea Wi-Fi yao. Kazi ni kama saa moja, na bei tunakubaliana tukishaona vifaa. Ukileta laptopu dukani, tafadhali njoo na chaja yake.