Shukrani kwa Bibi Aliyenishonea Kasha

Napenda kumshukuru hadharani bibi mmoja wa Kiojibwe, yaani wa jamii ya wenyeji asilia wa Amerika Kaskazini, ambaye kwa haraka zangu sikumuuliza jina, aliyenisaidia hapa Duluth, Minnesota. Kasha langu la gome la mti, ambalo wao huliita makak, nililokuwa nikihifadhia mchele wa mwituni, lilikuwa limefumuka ukingoni kwa uzembe wangu wa kuliweka karibu na hita. Bibi aliketi, akalowesha mzizi mwembamba wa msonobari, akaupasua katikati kwa kuanzia na meno, kisha akashona upya kupitia matundu yale yale bila kutoboa jipya hata moja. Fedha alizikataa, akapokea tumbaku kidogo tu, kama ilivyo desturi yao. Wenzangu mnaopenda vyombo hivi, tafadhali vinunueni kwa mafundi wenyewe.